Nipe Taa Yangu

...chai ya Bonface imeshafanya utando naye hainywi, anaongea tu, andazi liko mkononi tangu aketi na hajaling'ata, na Phelesia anapara ngege, beseni katikati ya miguu yake, magamba yanaruka hadi kwenye viatu vya Bonface, viatu vyeusi vilivyopigwa rangi, mtu hatoki Rusinga kuja mpaka hapa Homa Bay na viatu kama hivyo kwa sababu ya salamu, ana jambo huyu, na jambo lenyewe analizunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia, mara mvua, mara omena wamepungua, mara shemeji umenenepa, huku nyuma ya kichwa chake, juu ya friji ya soda, televisheni ya hoteli ya Scovia inaendelea, na Mama Taa bado hajafa. Bado. Amesimama mbele ya mashua, ameinua taa yake, ziwa lote limefunikwa na gugu, dunia yenyewe imekwisha, miji imemezwa, hakuna stima, hakuna serikali, hakuna hata mtu wa kuuza kiberiti, kuna gugu tu na mashua moja na watu wachache wanaotafuta nchi kavu, na kijana Wangwe, ndiye shujaa, anapiga kasia huku akiuliza, Mama Taa, bado ni mbali, naye anamjibu, ukiuliza-uliza njia inarefuka... hayo ni maneno ya Phelesia mwenyewe, ya kinywa chake hasa, Tony kamwibia hata maneno. "Huyo mama ataded, cheki tu," anasema kijana mmoja wa bodaboda kwenye meza ya mlangoni, "akifika kwa daraja anaded." Mwenzake anamwambia awache kuwaharibia. "Si kila mtu anajua? Kwa gemu anaded. Nilijaribu kumsevu mpaka simu ikazima. Haokoleki."

Haokoleki... Phelesia anajua kuliko yeye, maana Mama Taa ni yeye, na hapa hotelini anayelijua hilo ni Scovia peke yake, wengine wanaona mwanamke wa kupara samaki. Tony ndiye aliyemtengeneza, Tony mtoto wa dada yake, aliyemlea tangu dada alipofariki, akakua, akaenda Nairobi kutengeneza gemu za simu, kazi ambayo Phelesia mpaka leo hajui aielezeje kanisani, na Tony alikuwa katikati ya kuitengeneza hii ya gugu ndipo simu ya msiba ikamfikia, mashua ya anti imepindukia kule Karungu, mwili haujaonekana, basi akafanya alichoweza, akamweka ndani ya gemu, kitambaa chake cha kichwani, mwendo wake, ile taa ya sola aliyokuwa akiwakodishia wavuvi wa omena, akamzamisha darajani kwa sababu ndivyo alivyoamini, anampa Wangwe taa, anasema shika, anazama, na mchezaji akishaipata taa ndipo njia inafunguka, kwa hiyo lazima afe, asipokufa gemu haiendelei. Nililia nikiitengeneza, anti, alisema Tony siku alipomletea simu aione, na Phelesia akaishika, kidole gumba kinanuka samaki, akabonyeza alipoambiwa abonyeze, akazama, akabonyeza kwingine, akazama, akajaribu kutompa Wangwe ile taa kabisa, akazama nayo, akamrudishia Tony simu yake na siku hiyo hakula. Si unibadilishie, alimwambia, si ndiye mimi huyu nimekaa hapa. Tony akaangalia chini. Imeshatoka, anti, watu wameshaizoea hivyo, nikimrudisha watasema nimewachezea shere. Wameshazoea, neno gani hilo, mtu azamishwe kwa sababu watu wamezoea...

"Watu wameshazoea, shemeji," anasema Bonface, na kisu kinasimama juu ya ngege, maana Phelesia hakuwa akimsikiliza, na sasa hajui kama neno limetoka kinywani mwa Bonface au kichwani mwake mwenyewe. "Hiyo kaburi iko hapo, msalaba iko hapo, mtu akikuja anaonyeshwa. Ya nini kufukua maneno? Wewe uko na maisha yako hapa Homa Bay, uko sawa. Ni kitu moja tu imenileta." Lakini kitu chenyewe hakisemi, analiangalia andazi, anaanza tena habari ya mvua.

Kaburi ni lake yeye, Phelesia, na ndani yake hamna mtu, mna yago. Mtu akipotea ziwani mwili usionekane, watu wao huzika yago badala yake, lile tunda refu zito la mwegea, hulivika shuka, huliombea, hulilia, ili marehemu apate pa kulala, ni desturi nzuri, Phelesia mwenyewe ameshayalilia mayago ya wavuvi na machozi yakawa ya kweli, lakini hata desturi humtaka mtu angoje kidogo, na Bonface hakungoja, Bonface mdogo wa marehemu Cephas, Cephas mume wake, aliyemwachia nyumba ya mabati na kipande cha shamba kinachoshuka hadi ufuoni, bila mtoto wa kumtetea, basi mashua kupinduka tu, Bonface ameshapata yago, tena yago nene, alisema lifanane na mwenyewe, na hilo Phelesia hajamsamehe, mengine anaweza, na mvua ilikuwa inanyesha, na ardhi ya pale ni mawe matupu, wachimbaji walipofika magotini wakasema inatosha, hili halina miguu ya kutoroka. Naye wakati wanafukia yuko hai, amekumbatia mtungi mtupu wa mafuta mpaka mikono imekufa ganzi, wavuvi wa Tanzania wakamwopoa, wakamwacha kwenye zahanati, homa ikamkalia kifuani, na mke wa mzee Matiko, Mkuria muuza ng'ombe, aliyekuwa pale akimwuguza mama yake, akamhurumia akavuka naye mpaka kwao Isebania, akamnywesha uji kwa kijiko na kumwita dada, na alipopata sauti wakampa simu, haya, mpigie mtu wako, na hapo ndipo alipogundua kwamba simu yake ilizama na namba zote, kichwani mwake imebaki namba moja tu, ya Cephas, na Cephas ni marehemu, akaipiga hivyo hivyo, mwanamke wa kampuni akamjibu kwa upole kwamba mteja hapatikani, akalia, mke wa Matiko akadhani ameletewa tanzia. Basi alirudi na lori la ng'ombe la Matiko lililotokea mnada wa Ogwedhi, kupitia Migori, ananuka zizi, na anaimba, ndiyo, alikuwa akiimba nyimbo za kanisa katikati ya pembe kwa sababu anarudi kwake, akashuka langoni, akapiga hodi, watu wakatimka, Bonface wa kwanza, kwa mtu mwenye goti bovu alikimbia vizuri sana.

Halafu wazee... kila mzee na sheria yake, huyu apitie tundu la nyuma kwenye ua, yule achinjiwe mbuzi, wa tatu eti aliyezikwa haingii kabisa, lango ni la walio hai, na ukweli ni kwamba hakuna aliyejua, hakuna aliyewahi kuona yago likirudi kwa miguu, katekista peke yake ndiye aliyewaambia kwamba Lazaro alirudi kwake na hakuna aliyemwuliza habari ya lango, lakini katekista alikuwa kijana wa juzi, hawakumsikia. Ngoja kidogo, shemeji, alisema Bonface, mambo yatulie. Akangoja. Akangojea hapa Homa Bay, chumba cha kupanga, beseni la Scovia, huku mbuzi wa Bonface wanafungwa kwenye mlango aliouweka Cephas kwa mikono yake, naye anangoja, mambo yakatulia kweli, yakatulia kama maji yanavyotulia juu ya aliyezama, na kibaya kuliko vyote, hili hajamwambia hata Scovia, yeye mwenyewe ameanza kuzoea, akiulizwa ni nani mlangoni hajitaji jina, husema ni mimi tu, na kuna asubuhi anaamka na kabla hajafumbua macho anajiuliza kama kweli alitoka majini, au ndiyo yale ya marehemu kutojua kwamba ni marehemu, na kama leo Bonface amekuja kumwomba akubali tu, aseme ndiyo, nyumba ibaki, kaburi libaki, jina libaki msalabani, huenda atasema ndiyo, anajijua, amechoka, neno ndiyo ni fupi na samaki bado ni wengi.

"Daraja hilo," anasema kijana wa bodaboda, na Scovia anatoka jikoni akiwa na mwiko, anaongeza sauti ya televisheni, anamtupia Phelesia jicho moja tu, maana jana Tony alipiga simu, anti, gemu yetu imefanywa tamthilia, kesho mchana ukae karibu na TV, usiniulize kitu, na alipouliza, kwani mmeniua tena, simu ikakatika, au Tony aliikata, kwa Tony huwezi kujua. Mashua inayumba. Gugu limeng'ang'ania kasia. Mama Taa anainama alikate, anateleza, mguu mmoja majini, anamnyooshea Wangwe ile taa, shika, anasema, shika... na Phelesia anahisi baridi ile ile ikipanda magotini, kumbe ni maji ya beseni, ameliinamisha bila kujua, "shemeji, viatu," anasema Bonface akirudisha miguu chini ya kiti, na pale juu ya friji Mama Taa anazama, kichwa, kitambaa, vidole, halafu gugu linajifunga juu yake polepole kama mlango, na muziki unaanza, ule ule wa kwenye simu. "Si niliwaambia," anasema kijana, lakini kwa sauti ya chini, wala hafurahii. Wangwe analia, ameikumbatia taa. Tony... Tony mwanangu, mara mbili, hata kwenye televisheni ya watu, na Phelesia anachukua ngege mwingine kwa sababu mikono inajua kazi yake hata mwenyewe akiwa hayupo.

"Sasa hiyo kitu imeota," anasema Bonface.

Nini kimeota, anataka kuuliza, lakini Bonface mwenyewe anaendelea sasa kwa haraka, kama mtu anayemeza dawa chungu, haangalii juu. "Hiyo yago. Hapo kwa kaburi. Imetoa mti. Nikaukata, ukarudi. Nikakata tena nikaweka chumvi, ukarudi na matawi mbili. Mbuzi wenyewe hawagusi. Watu wanaongea, watoto hawataki kupita hapo, hata bibi yangu amehama ile upande. Nimetafuta mtu wa kuung'oa, hakuna anakubali. Wazee wamekaa, wamesema mti ya kaburi hauguswi mpaka mwenye kaburi aseme." Anatafuta pa kuangalia, anainua chai, anaona imefunikwa na utando, anairudisha mezani. "Na mwenye kaburi," anasema, "si ni wewe, yuora, shemeji yangu. Useme tu ndiyo. Niwaambie umesema ndiyo, tuung'oe, maneno iishe."

Mwenye kaburi ni wewe, amesema hivyo, Bonface amesema hivyo kwa mdomo wake, amevaa viatu akavuka kutoka Rusinga kuja kumwomba ruhusa aliyemzika, na wazee waliosema hana lango ndio waliomtuma, kwa hiyo wanajua yuko hai, siku zote wamejua, mtu hamwombi maiti ruhusa akangoja jibu na andazi mkononi... na wakati huo huo mezani pa vijana kiti kinaanguka. Phelesia anainua macho. Mkono umetoka kwenye gugu. Mkono mmoja, mnene, wa mwanamke, unatafuta ukingo wa daraja, unaukosa, unaupata, na wa pili unafuata, na Mama Taa anajivuta juu, mzito, anahema, hana uzuri wowote, mizizi ya gugu imemshuka usoni, anatema maji, anakohoa vile vile hasa kama mtu anavyokohoa, si kama watu wa televisheni, nani aliwaambia, Tony aliwaambia, Tony alimwuliza siku moja ulikohoaje anti akadhani ni udadisi wa mtoto tu. "Ati nini?" anasema kijana wa bodaboda. Wangwe hajamwona, ameshashika kasia, ameshaifunga taa mbele ya mashua na anaondoka zake na huzuni yake, shujaa, na nyuma yake sauti inasema bila hata kupaza, "We Wangwe. Unaenda wapi na taa yangu?" Hoteli nzima inaangua kicheko. Mama Taa hacheki. Amekaa juu ya daraja, miguu inaning'inia, anakamua kitambaa chake kama mtu aliyetoka kufua, ananyoosha mkono. "Nipe taa yangu," anasema, na kijana anampa, na anaitazama kama inawaka, inawaka, anapanda mashua anasimama mahali pale pale alipokuwa amesimama, na mashua inakwenda.

"Hiyo haiko kwa gemu," anasema kijana. "Wamebadilisha." Mwenzake anauliza, "Sasa itaendelea aje na hajaded?" Yule wa kwanza anafikiri, anakuna kichwa, mtu aliyejaribu mpaka simu ikazima. "Si itaendelea na yeye," anasema, na anakiokota kiti chake.

Itaendelea na yeye. Rahisi hivyo, na Phelesia anasikia kitu kikimpanda kutoka tumboni, anadhani ni kilio, kumbe ni kicheko, anakibana na kiganja chenye magamba, watu wameshazoea, wameshazoea nini, hawa hapa walikuwa wamezoea kuliko wote, walimjua amekufa kuliko Bonface anavyojua, na haikuchukua hata muda wa chai kupoa wakazoea kwamba yuko hai, tena wamefurahi, yule mmoja anafuta macho akisema ni moshi wa jikoni... na Tony, mtoto mjanja, hakumwomba msamaha kwa maneno, alikwenda akambishia mtu huko Nairobi kwenye meza kubwa mpaka mkono ukatoka kwenye gugu. Na yago. Yago limeota. Wakati yeye anangoja hapa kwenye beseni, anasema ni mimi tu, ni mimi tu, yago lake nene lilikuwa kule likifanya kazi yake, limekatwa, limetiwa chumvi, limerudi na matawi mawili, halikuuliza mzee yeyote lipitie lango gani, halikungoja mambo yatulie, na kosa ni la nani, nani alichimba kaburi la magotini kwa haraka ya kuwafunga mbuzi kwenye shamba la watu, angechimba kaburi la heshima, la kina cha mtu, leo angelala usingizi, haraka haraka haina baraka, Bonface, hata watoto wa chekechea wanaiimba. Atarudi. Anaijua ile njia yote, atampigia Matiko, namba yake sasa iko kichwani, aliikariri ya kwanza kabisa, ya Scovia ya pili, ya Tony ya tatu, lori liko, ng'ombe wapo, ataimba, atashuka langoni mchana kweupe, lango la mbele, Cephas aliliweka kwa ajili yake, atapita na Scovia upande huu na katekista upande huu, na kama kuna mzee mwenye sheria asimame pale aiseme, wataona nani atakimbia wa kwanza, atawafungua mbuzi, atafagia, atafungua dirisha, na ule msalaba atauchukua na kulifuta jina, ni mbao nzuri ile, mvule, atapasua vigingi azungushie mche mbuzi wasije wakapata ujasiri, na asubuhi akiamka atasikia mtu akipiga hodi, nani huyo, naye atauliza kutoka ndani, kwa sauti, kwani unamtafuta nani, hapa ni kwa Phelesia.

Tangazo la sabuni limeingia. Scovia amerudi jikoni, mwiko unagonga sufuria kwa nguvu kuliko inavyohitajika. Vijana wanabishana kama ile taa ni ya sola au ni ya mafuta. Chai ya Bonface iko pale pale na utando wake, andazi liko mkononi, beseni liko katikati ya miguu, na Bonface anafuta gamba moja kwenye kiatu, anainua uso, anauliza tena kwa ule upole wake wa kumaliza maneno, akimwita binti wa kwao alikozaliwa, "Sasa tunasemaje, Nyar Asumbi? Ni ndiyo?"

Phelesia anamtazama. Kwa kweli anamwonea huruma kidogo, mtu mzima kusumbuliwa na tunda.

"Jina langu ni Phelesia," anamwambia. "Si mliliandika wenyewe pale msalabani? Na huo mti msiuguse. Nakuja kuumwagilia maji."

Halafu anachukua ngege mwingine.